Nilivyofuta Shamba la Baba Mkwe

Nitaanza na kosa langu, ili baadaye asitokee mtu wa kusema nimelifukia katikati ya maneno. Usiku wa Februari 26, nimekaa jikoni juu ya kigoda, mvua inapiga bati kiasi kwamba redio ya jirani haisikiki, nilifuta shamba zima la baba mkwe wangu. Ng'ombe, kuku, nguruwe, kondoo, miti ya matunda, ghala na mahindi yaliyokuwamo. Nilitumia kidole kimoja tu, na maji ya ugali yalikuwa bado hayajachemka.

Baba mkwe ni mkulima wa Msindo, wilaya ya Namtumbo. Yuko shambani tangu akiwa mtoto wa kutumwa kuamia ndege, na kila jambo la maisha yake analipima kwa msimu: mwanawe wa kwanza alizaliwa wakati wa palizi, mkewe alifariki mahindi yakiwa yamekauka yanangoja kuvunwa. Desemba iliyopita, siku chache kabla ya kupanda, goti lake la kulia lilikataa kupinda. Tukampeleka Peramiho, kwenye hospitali ya Wabenediktini, akapewa dawa, mazoezi na katazo: jembe asilishike msimu mzima. Shamba likaachiwa mpwa wake na vibarua. Yeye akaja kwetu Bombambili, mjini Songea, na begi moja, fimbo, redio, na kaunta buku lenye jalada jekundu ambalo hakutaka mtu aliguse.

Sasa mkwe na baba mkwe, msomaji unajua mwenyewe. Wengine siku hizi wanakaa kochi moja na kutaniana. Mimi nilifundwa vingine. Namkaribisha chakula nikiwa nimepiga goti, naongea naye nikitazama miguu ya meza, na jambo likishazidi "shikamoo baba" na "marahaba mama" linapitia kwa mume wangu au kwa mtoto. Tulikaa hivyo zaidi ya miezi miwili kwa amani kubwa. Sikujua anawaza nini usiku, wala, kumbe, analima nini.

Simu iliyoleta haya ilikuwa ya mume wangu kabla hajapata nyingine. Ina ufa kwenye kona, hifadhi yake ni gigabaiti 16, na humu ndani ni ya wote kama ndoo ya maji. Mchana inakaa kwangu kwa ajili ya kikoba na kundi la wazazi wa shule. Jioni anaichukua kitinda mimba wetu wa darasa la sita, akidai anasomea. Usiku inalala chumbani kwa Babu, akidai anasikilizia taarifa ya habari. Redio anayo. Bando nalo lilikuwa likiisha kabla ya siku zake, nami nikawa namshuku mume wangu kwa sababu ndiye ninayemshuku kwa kawaida.

Usiku ule mwalimu wa darasa alituma kwenye kundi picha ya matokeo ya mtihani wa mwezi. Naigusa, haifunguki: hifadhi imejaa. Nikafuta video za asubuhi njema zenye maua na njiwa. Nikafuta harusi ya mtu nisiyemjua. Bado. Nikaingia kwenye orodha ya programu, nikakuta michezo mitatu imejibanza: wa mpira, wa magari, na mmoja wenye picha ya kuku aliyetoa macho. Wa mpira niliufuta kwa haja, na picha ikafunguka. Hisabati, D. Wa magari nikaufuta kwa hasira. Kiingereza, A, nikashangaa kidogo, maana ukoo wetu haujawahi kuwa na Kiingereza cha A, lakini hasira haimpi mtu nafasi ya kushangaa. Wa kuku niliufuta ili iwe fundisho.

Mtoto alikuwa amesimama mlangoni.

"Mama, na ule wa kuku?"

"Hasa huo wa kuku."

Akaziba mdomo kwa viganja vyote viwili, akageuka kutazama chumba cha babu yake. Nikasema moyoni, huyo, amejijua.

Kesho yake ilikuwa Februari 27. Kwa Songea hiyo si siku ya kupita hivihivi: ndiyo kumbukumbu ya mashujaa 67 wa Vita vya Maji Maji walionyongwa na Wajerumani mwaka 1906, na wazee hukusanyika kwenye makumbusho pale Mahenge. Baba mkwe haikosi. Mume wangu alikuwa ameshaita bajaji kwa ajili ya lile goti. Mzee akatoka chumbani amevaa koti, akaitazama bajaji, akasema hajisikii, akarudi ndani.

Mchana ugali ukarudi kama ulivyokwenda. Jioni ikarudi hata mboga ya maboga ya karanga, ambayo siku zote bakuli lake linarudi limefutwa. Siku ya pili alikunywa chai ya rangi na kutazama ukuta. Tukampeleka zahanati: malaria hana, presha ya kijana, sukari iko sawa. Mganga akauliza kama nyumbani kuna msiba. Hatukuwa na msiba. Usiku nilimsikia akiamka, anasimama, anakaa, anasimama tena. Baadaye nilikuja kujua kwamba hizo ndizo zilikuwa saa zake za kuvuna.

Mume wangu akampigia dada yake Mbinga. Wifi yangu ni mwanamke wa huruma nyingi na sauti nyingi. Siku ya tatu alishuka stendi na jogoo kwapani na hukumu mfukoni. Kabla hajavua viatu alikuwa ameshaitoa: "Baba hana malaria huyu. Baba amekosewa." Akanitazama mimi, akaitazama sufuria yangu, akanitazama tena.

Kikao kikakaa sebuleni usiku huohuo. Mzee kwenye kochi kubwa, mume wangu kulia kwake, wifi kushoto, mimi kwenye mkeka karibu na mlango, mtoto nyuma ya pazia akidhani haonekani. Jogoo amefungwa kwenye mguu wa meza.

"Baba," wifi akaanza, "mtaje aliyekukosea."

"Hakuna."

"Chakula je?"

"Chakula cha mama hapa hakina neno."

"Sasa ni nini, baba? Sema. Sisi ni watoto wako."

Mzee akashusha pumzi, akanyamaza. Pazia ndilo lililosema.

"Shamba la Babu limefutwa."

Wifi akapiga kofi. "Nilijua! Ni yule mpwa! Kaenda kwa mwenyekiti wa kijiji kafuta jina la baba!" Mume wangu alikuwa ameshasimama, mguu mmoja ndani ya kiatu, anaitafuta hati ya kimila aliyoihifadhi ndani ya Biblia. "Ekari saba! Ekari saba za marehemu babu!" Wifi anataka namba ya mtendaji. Mume wangu anauliza usiku huu basi la Namtumbo atalipata wapi. Jogoo naye akaona asibaki nyuma. Mimi, ambaye nilikuwa sijaelewa bado, nilikuwa nawahurumia wenye mali. Ilibidi mzee agonge fimbo sakafuni mara tatu.

"La Msindo lipo," akasema taratibu. "Ni lile la kwenye simu."

Kimya kilichofuata hata jogoo alikiheshimu. Macho yote yakahamia kwenye simu, na simu ilikuwa mapajani mwangu.

Mchezo wenyewe unaitwa Hay Day. Umetengenezwa na kampuni ya Supercell ya Helsinki, Finland. Ulitoka mwaka 2012 kwa simu za iPhone na mwaka uliofuata kwa za Android. Unaanza kwa kurithishwa shamba na mjomba ambaye umri umemshinda, jambo lililomfanya mzee, Mngoni wa urithi wa baba kwa mwana, aamini wiki nzima kwamba waliouunda ni Wayao wa Tunduru. Maandishi yake ni ya Kiingereza, na hapo ndipo mjukuu alipopata ajira. Kila jioni, mimi nikiamini mtoto anasoma, alikuwa anasoma kweli: anamsomea Babu oda za wateja neno kwa neno, na Babu haondoki kwenye neno mpaka aambiwe maana yake. Ile A ilitoka shambani.

Usiku ule mzee aliongea kuliko miezi yote aliyokaa kwetu. Ngano inakomaa kwa dakika mbili, akasema. Mahindi dakika tano. Miwa nusu saa. Mahindi ya kwake Msindo yanaingia ardhini mvua za Desemba na kutoka Juni, na katikati kuna viwavijeshi, kuna DAP ya kupandia, kuna UREA ya kukuzia, kuna jua linalokatiza mvua kwa wiki mbili wakati mbaya kuliko yote. Ukishavuka hayo anakuja mnunuzi na bei yake na gunia lake la lumbesa lenye kilemba. Kwenye simu, zao halinyauki. Usipovuna leo linakusubiri. Mnyama hachinjwi, anatoa mazao na kuendelea kuishi. Mteja anakuja mwenyewe anasema anachotaka, na ukimkatalia anaondoka bila kinyongo. Kwenye kibanda cha barabarani bei unapanga wewe, mradi usivuke kikomo.

"Na hakuna lumbesa?" wifi akauliza. Alikuwa ameshasogeza kiti.

"Hakuna."

"Mbolea?"

"Hakuna mbolea. Lakini udongo nao hakuna," mzee akasema. "Nalima hilo kwa sababu lile nimekatazwa."

Alikuwa amefika hatua ya 31. Hakusema kitu siku zote tatu kwa sababu ileile iliyonizuia mimi kumuuliza: baba mkwe ataanzaje kumshtaki mkwewe kwamba kamfutia mchezo? Aliona afadhali alale njaa. Nami niliona afadhali sakafu ya sebule ipasuke. Haikupasuka. Nikaomba radhi nikitazama miguu ya meza, mzee akasema yamekwisha, mama, na wote tulijua hayajakwisha.

Asubuhi nilikwenda na mtoto kwa fundi simu, kijana mmoja mwenye meza ya futi mbili karibu na Soko Kuu. "Shikamoo mama. Imeanguka?" Nikamwambia nimefuta shamba. Hakushangaa hata kidogo. Inaelekea wengi wamemtangulia kufuta mashamba ya watu.

"Mama, tulia," akasema. "Kuna mchezo unaokaa ndani ya simu na kuna unaokaa kwa wenyewe. Huu wa kuku unakaa kwa wenyewe, ndiyo maana hauchezeki bila bando. Humu ndani lilikuwamo dirisha tu. Umeziba dirisha, lakini ng'ombe wako kwenye mitambo ya watu huko ng'ambo, wanatafuna."

Nilitaka kumkumbatia. Akaingia kwenye duka la programu la Google, akagusa sehemu ya kusimamia programu, kisha orodha ya zile zilizowahi kuwekwa na kuondolewa. Sikujua kama kuna orodha hiyo. Nawaambia wanawake wenzangu, ipo, na haina siri. Kila kitu kilichowahi kupakuliwa kwa akaunti ile kimekaa humo kama madeni kwenye daftari la Mangi. Fundi ana tabia ya kusoma kwa sauti: mpira, magari, kuku, Biblia, kikokotoo, utabiri wa mikeka, utabiri wa mikeka ya uhakika, utabiri wa mikeka ya Jumamosi. "Hizi ni za mama?" Mume wangu aliapa kuacha kubeti Krismasi ya mwaka juzi. Hilo nililifunga kwenye pindo la kanga. Lina siku yake.

Mchezo wa kuku ukashuka, ukala bando langu la wiki. Tukaufungua palepale mezani. Sanamu ya kutishia ndege ikatukaribisha, ikaanza kutufundisha namna ya kuvuna ngano. Vishamba vichache, kuku wa kuhesabu, hatua ya 1. Tukamkimbizia mzee. Akavaa miwani, akatazama kwa kitambo, akairudisha simu kwa mikono miwili.

"Hili si langu."

Tukarudi kwa fundi. Akatueleza kwamba mchezo ule unatakiwa ufungwe kwenye kitambulisho cha Supercell: unaandika barua pepe yako, wanakutumia tarakimu sita, unaziingiza, basi, shamba linakufuata hata ubadilishe simu kumi. Mtoto akainamisha kichwa. Kumbe kila mchezo ulipomwomba ajiunge, yeye alibonyeza "baadaye", kwa sababu ulitaka barua pepe, na barua pepe ya simu ile hakuna anayejua neno lake la siri. Siku iliponunuliwa, kijana wa dukani aliifungulia akaunti mwenyewe, harakaharaka, wateja wamepanga foleni, kwa jina lililomjia kichwani. Msomaji, kachungulie ya kwako. Yetu ilifunguliwa kwa jina la timu ya mpira na tarakimu nne. Kwa Google, familia hii ni kijana mmoja anayeishabikia timu ambayo humu ndani hakuna mtu anayeitakia mema.

Ikabaki njia moja, kuwaandikia wenyewe kupitia sehemu ya msaada, tukiwa ndani ya lile shamba jipya tusilolitaka. Mtoto akaandika, maana ndiye mwenye A. Wakajibu kwa adabu, na maswali kama ya baraza la ardhi. Jina la shamba? Lilifika hatua ya ngapi? Lilianza lini? Kwa simu gani, katika nchi gani? Kuna kitu kiliwahi kununuliwa kwa fedha? Na namba ya shamba ni ipi, ile inayotanguliwa na alama ya reli?

Fundi akakata tamaa kwa niaba yetu. "Hiyo namba, mama, hakuna mtu anayeiandika. Tangu nianze kazi hii sijamwona."

Jioni mtoto akamfikishia babu yake maswali yale. Mzee alisikiliza mpaka mwisho, akainuka na fimbo yake, akaingia chumbani, akatoka na kaunta buku jekundu. Akampa mtoto, mtoto akanipa mimi.

Kurasa za mbele ni za Msindo: mifuko ya mbolea, majina ya vibarua, deni la duka la pembejeo, na namba ya mkulima aliyoipata mwaka 2022 ruzuku ya mbolea ilipoanza, imezungushiwa duara mara tatu, kwa sababu siku aliyokwenda kwa wakala bila namba ile alirudi na baiskeli tupu. Kurasa za nyuma zimeandikwa kwa kalamu ya bluu: Shamba la simu. Limeanza Januari 9, saa mbili usiku. Jina, MSINDO. Na chini yake ile namba, na alama ya reli mbele. Aliiona imeandikwa pamoja na jina la shamba, akamuuliza mjukuu ni nini, mjukuu akasema ni namba yake, akaiandika. Kwake yeye, shamba ambalo hujui namba yake unalilimia wengine. Yakafuata ng'ombe wa kwanza na tarehe yake, nguruwe na tarehe yake, siku ghala lilipojaa kwa mara ya kwanza likiwa na mazao 50, kondoo na tarehe yao. Mstari wa mwisho ulisema: Februari 25, hatua ya 31, misumari ya kuongezea ghala haitoshi.

Kuhusu kununua, alijibu mwenyewe, safari hii bila kupitia kwa mtoto. "Ninunue almasi za kwenye simu, mama, na UREA sijamaliza kulipa?"

Tukatuma yote. Jibu likaja kwamba namba ile haipo. Mtoto akairudia, haipo. Wifi akaanza kusema uzee nao una mambo yake, na nikamwona mzee akilishika daftari lake, anaifuata namba kwa ukucha, anaanza kutojiamini. Hilo liliniuma kuliko ugali uliorudi. Fundi ndiye aliyetuokoa. Aliliweka daftari chini ya taa yake ya mezani, akacheka. Katika namba za mashamba yale, akasema, herufi O haitumiki kabisa. Kila duara ni sifuri. Mzee alijifunza mwandiko shule ya misheni, anachora duara zuri la kuviringika, nasi tukalisoma O. Tukabadilisha mawili.

Majibu hayakuja siku hiyo, wala kesho yake. Mume wangu akautumia muda huo kutukumbusha kwamba enzi zake haya hayakuwapo. Mchezo wa nyoka wa kwenye Nokia, ambao Taneli Armanto aliuandika mwaka 1997, haukumuuliza mtu barua pepe. Alama zako zilikaa ndani ya simu yako. Rekodi yake, alisema, ilidumu miaka minne. Nikamuuliza iliishia wapi. Ilitumbukia chooni Mfaranyaki, pamoja na simu. Halafu hata nyoka huyo ni wa Finland. Ukijumlisha na umeme wa gridi unaochaji simu hii, uliofika Songea kutoka Makambako kwa fedha za Serikali na za Sweden, utaona kwamba watu wa nchi za theluji wamejaa nyumbani kwangu kuliko ndugu wa mume. Nikamuuliza na kuhusu utabiri wa mikeka ya Jumamosi. Akakumbuka kuna mtu anamngoja nje.

Jibu liliingia asubuhi, tunakunywa chai. Mtoto akalisoma kimyakimya, akalisoma tena, kisha akampa babu yake simu bila kusema neno.

Ngano imesimama. Mahindi yamesimama. Miti imeelemewa na matunda. Ng'ombe wamejaa maziwa ya siku zote zile. Mzee hakupiga kelele. Alipita safu mojamoja kwa macho, kama anavyopita shambani baada ya mvua ya mawe, midomo ikihesabu. Alipofika mwisho alifanya jambo ambalo hajalifanya tangu niolewe katika ukoo huu. Alipapasa kochi pembeni yake.

"Mama, njoo ukae hapa nikuonyeshe."

Nikakaa ukingoni kabisa, robo tatu yangu ikiwa hewani. Akaniwekea simu kiganjani, akanielekeza: unavuta kidole juu ya safu bila kuinua, kama unafyeka. Nikavuna ngano ya baba mkwe, yeye akiniambia polepole, mama, polepole, haikimbii. Mchana bakuli la mboga ya maboga lilirudi limefutwa. Wifi aliondoka Jumatatu kurudi Mbinga, jogoo akaachwa, na ndani ya simu yake kuna shamba lililofika hatua ya 9 ambalo mpaka leo anasema ni la mwanawe.

Ningeweza kuishia hapo, na ningeonekana mtu mwema. Lakini nilifuta michezo mitatu. Wa mpira mwenyewe alikuwa ameshauchoka. Wa magari mtoto aliuanza akiwa darasa la nne. Miaka miwili alikuwa anapandisha gari milima, anakusanya sarafu, ananunua matairi na injini, hatua moja baada ya nyingine, na huo ulikuwa wa lile kundi lingine la fundi: unakaa ndani ya simu. Tulipourudisha ulirudi mtupu.

Fundi alijaribu. Alinieleza kwamba Android, tangu toleo la 6 la mwaka 2015, ina utaratibu wa kutunza nakala ya akiba ya programu kwenye akaunti ya Google, mpaka megabaiti 25 kwa programu inayoruhusu, na ukiiweka upya nakala inarudi nayo. Ila kazi hiyo inafanywa simu ikiwa imetulia, iko kwenye chaji, na iko kwenye Wi-Fi, isipokuwa uwe umeiruhusu kutumia bando. Simu yetu imekulia kwenye bando. Usiku mwingi kwa miaka miwili ililala kwenye chaji, imetulia, inangoja Wi-Fi ambayo haijawahi kuingia nyumba hii. Alipoifungua sehemu ya nakala ilikuwa tupu. Akanionyesha, akanizimia simu taratibu, akakataa pesa yangu.

Na mtoto huyo ndiye ambaye hakuwa na kosa. Ile D ni yake, sawa, tutaongea. Lakini fundisho nililotaka kumpa kwa mchezo wa kuku halikuwa lake, na katika nyumba nzima amepoteza yeye peke yake. Nilipomwambia hakulia. Alisema, "Basi mama, si wa Babu umerudi."

Siku hizi simu ina barua pepe mpya, ya kwetu wenyewe, na neno lake la siri limeandikwa kwenye kaunta buku, ukurasa mmoja na deni la UREA. Babu akimaliza kuvuna ya saa nne ananiachia simu mlangoni, nami naichukua, narudi jikoni kwenye kigoda changu, nazima sauti, nafungua mchezo wa magari. Gari linapinduka. Naliinua, linapinduka tena. Mtoto hajui kwamba nalipa. Alikuwa hatua ya 84. Nimefika ya 11.